Asilimia Tano ya Nani? Kisa cha Mafuta ya Lokichar, Turkana

Sheria ya Petroli ya Kenya ya mwaka 2019 inagawa mapato ya serikali yatokanayo na mafuta hivi: asilimia 75 kwa serikali ya kitaifa, 20 kwa kaunti, na 5 kwa jamii ya wenyeji. Jamii hiyo imeelezwa kuwa watu wanaoishi katika kaunti ndogo ambamo mafuta yanachimbwa na ambao wameguswa na uchimbaji huo. Mjini, maelezo hayo hayana tatizo. Kaunti ndogo ina mpaka, watu wana nyumba, hesabu inafanyika. Lakini mfugaji wa Turkana huishi wanakoishi mbuzi wake. Mvua ikinyesha Turkana Mashariki, yuko huko. Malisho yakiisha, adakar yake, yaani kundi la boma zinazohama na kuchunga pamoja, huvuka hadi Turkana Kusini, au Loima, au hata mpaka wa Uganda. Miezi sita baadaye anarudi na kukuta orodha imeshaandikwa. Je, yeye ni jamii au si jamii?

Naanza na swali hili kwa sababu, kwa maoni yangu, siasa zote za mafuta ya Turkana tangu 2012 zimekuwa mvutano wa kuwa mdomo wa hiyo "jamii". Mafuta yenyewe hayajatajirisha mtu wa kawaida. Hata hivyo yameshabadilisha nani anaitwa mkutanoni, nani anatia sahihi, nani analindwa usiku, na mpaka upi unapiganiwa.

Tangazo lilitolewa Jumatatu, tarehe 26 Machi 2012. Rais Mwai Kibaki aliwaambia Wakenya kwamba kampuni ya Tullow Oil, iliyokuwa na mshirika wake Africa Oil ya Kanada, imegonga mafuta katika kisima cha Ngamia-1, kwenye bonde la Lokichar. Baada ya Ngamia vikaja visima vingine: Twiga, Etuko, Ekales, Agete, Amosing. Kwa watu wa Nairobi ilikuwa habari ya uchumi. Kwa Turkana ilikuwa mara ya kwanza kwa muda mrefu serikali kutaja jina la eneo lao bila kutaja njaa.

Hapo ni lazima turudi nyuma kidogo. Wakoloni waliifanya Turkana wilaya iliyofungwa: kuingia na kutoka kulihitaji kibali. Walipotaka kumweka Jomo Kenyatta mbali na watu wake, walimpeleka Lokitaung, kisha Lodwar. Uhuru ulipopatikana, serikali mpya iliandika katika Waraka wa Bunge nambari 10 wa mwaka 1965 kwamba fedha za maendeleo zielekezwe pale zitakapozaa haraka, penye mvua na udongo mzuri. Kaskazini iliachwa nje kwa maandishi. Hadi leo ukiwa Lodwar na ukafunga safari ya kwenda Kitale, utasikia mtu akikuuliza kama unaenda Kenya. Wanasema hivyo kwa kawaida kabisa, na mgeni anayedhani ni mzaha hajaelewa alipo.

Kulikuwa pia na kumbukumbu mbili za karibu zaidi. Ya kwanza ni bwawa la Turkwel, lililokamilika mwaka 1991 kwenye mto ambao ndio uhai wa Turkana Kusini. Umeme wake ulipandishwa nyaya ukaenda kusini, huku Lodwar ikiendelea kwa miaka mingi kuwasha taa kwa jenereta za dizeli. Ya pili ni kisima cha Loperot-1, ambacho Shell ilichimba mwaka 1992. Walikuta dalili za mafuta, wakaona hayatoshi biashara, wakafunga na kuondoka. Kwa hiyo Tullow ilipofika, wazee hawakuwa watu wasiojua kitu. Walikuwa wamewahi kuona mtambo ukija na ukiondoka, na wamewahi kuona kitu cha kwao kikipita juu ya vichwa vyao.

Wachambuzi wengi wa nje huchanganya mambo mawili yaliyokuja yakifuatana. Mafuta yalitangazwa Machi 2012. Uchaguzi wa kwanza chini ya Katiba mpya, uliozaa serikali za kaunti, ulifanyika tarehe 4 Machi 2013. Fedha zilizojenga ofisi, zahanati na madarasa Turkana zilitoka kwenye ugatuzi. Kwa sababu ya ukubwa wa eneo na umaskini wake, mgao wa kwanza wa Turkana ulikuwa wa pili nchini baada ya Nairobi. Mafuta hayakuleta shilingi hizo. Yalileta kitu kingine: yaliwapa viongozi wa Turkana bei sokoni. Josphat Nanok, gavana wa kwanza, aliweza kusimama mbele ya Rais na kubishana, jambo ambalo kiongozi wa Turkana wa miaka ya themanini asingelithubutu. Seneta wa kwanza wa kaunti hiyo, John Munyes, mwaka 2018 aliteuliwa kuwa Waziri wa Petroli na Madini. Ekwee Ethuro, mwana wa Turkana, ndiye aliyekuwa Spika wa Seneti kuanzia 2013 hadi 2017. Vyama vikubwa vilianza kupigania kura za mahali ambapo zamani vilituma tu magunia ya mahindi.

Ugatuzi ulileta mikono ya kupokea, mafuta yakaleta kitu cha kudai. Yalipokutana, kila mwenye cheo alihitaji kuonyesha kwamba yeye ndiye msemaji: gavana kwa niaba ya kaunti, mbunge kwa niaba ya eneo bunge, mwakilishi wa wadi kwa niaba ya kijiji, na wazee kwa niaba ya ardhi.

Kazi ya bendera

Oktoba 2013 mambo yalipasuka. Wakazi wenye hasira waliandamana na kuvamia eneo la kisima cha Twiga, wabunge wa huko wakiwa mstari wa mbele. Kampuni iliwaondoa wafanyakazi wake na kusimamisha shughuli, na ilirejea baada ya mkataba wa maelewano uliohusisha serikali ya kitaifa na ya kaunti. Dai kuu lilikuwa kazi na tenda: kwamba nafasi nzuri zinachukuliwa na watu kutoka "Kenya" na kutoka ng'ambo, na mwenyeji anaachiwa mabaki.

Ili kuelewa dai hilo, itazame kazi yenyewe. Kisima cha mafuta kinahitaji watu wengi kwa muda mfupi, na wengi wa hao ni mafundi waliosomea kazi hiyo. Kinachobaki kwa asiye na cheti ni kufyeka vichaka, kulinda, kupika, kuosha, na kushika bendera. Hii ya bendera ndiyo inayosema mengi. Kijana amesimama kando ya barabara ya vumbi, jua la saa saba likimchoma, koti la riflekta limefungwa juu ya shuka. Mkononi ana bendera ya kijani na nyekundu. Lori likija anainua nyekundu ili mbuzi wavuke, kisha kijani lori lipite. Kabla ya kampuni, mbuzi walivuka bila kuuliza mtu. Sasa kuvuka kwao ni ajira, na ajira hiyo inapeanwa kwa zamu ili kila ukoo upate mwezi wake.

Hakuna aibu katika kazi hiyo, na familia zilikula kutokana nayo. Lakini fikiria nani alikuwa akiandika majina ya zamu. Kampuni ilihitaji watu wa kati, ikaajiri maafisa wa mahusiano ya jamii kutoka vijijini, na kijana aliyesoma hadi kidato cha nne akajikuta na uwezo wa kuamua nani ale na nani asubiri. Kwa desturi, mambo ya Waturkana huamuliwa chini ya mti wa wanaume, na uzito wa neno la mtu hutokana na umri, mifugo na busara yake. Mkutano wa mafuta uliwekwa chini ya mti uleule, lakini sasa una karatasi ya mahudhurio, una posho, una mkalimani, na mwisho wake kuna picha. Mzee anatia kidole gumba chake kwenye karatasi asiyoweza kuisoma. Baadaye, Nairobi, karatasi hiyo inaitwa ridhaa ya jamii.

Naliona hili kuwa badiliko kubwa kuliko majengo yote ya Lokichar. Mamlaka ya kusema "sisi" yalihama kutoka kwa anayejua malisho kwenda kwa anayejua fomu. Wazee walielewa upesi, na wengine wakajifunza mchezo. Kanuni ya wenyeji ikawa wazi: barua haijibiwi, barabara ikifungwa helikopta inakuja. Kufunga barabara kukawa lugha rasmi ya mazungumzo, na serikali na kampuni ndizo zilizoifundisha kwa kujibu hiyo peke yake.

Lokichar nao, uliokuwa kituo kidogo kwenye barabara ya Kitale kwenda Lodwar, ulivimba. Nyumba za kulala wageni, baa, madalali wa viwanja, gari za kukodisha zenye namba za Nairobi. Waliokuwa na mtaji waliponea hapo. Mradi ulipopoa, vyumba vikabaki vitupu, na waliokopa ili kujenga ndio walioumia.

Bunduki zilipohamishiwa kisimani

Waturkana na majirani zao Wapokot wameibiana mifugo tangu kabla ya mafuta, na anayesema mafuta ndiyo yaliyoanzisha vita anadanganya. Ila kuna jambo moja ambalo mafuta yalilifanya waziwazi. Usalama wa vijiji vya mpakani ulitegemea polisi wa akiba, wenyeji waliopewa bunduki na serikali bila mshahara ili walinde mifugo na watu wao. Kampuni zilipokuja zilihitaji walinzi wanaoijua nchi, zikawalipa polisi hawa wa akiba kulinda kambi, visima na misafara. Mtu aliyekuwa akilinda bure akapata posho kwa kulinda uzio. Hakuna wa kumlaumu, ana watoto. Lakini bunduki iliyokuwa ikitembea na ng'ombe ikawa imesimama getini, na kule malishoni likabaki pengo. Watu wa Turkana Mashariki walilisema hili wazi: usalama umehamia kwenye mafuta.

Mpaka nao ukapata maana mpya. Zamani mzozo ulikuwa wa maji na majani, na msimu ukibadilika, mzozo unalegea. Mstari wa kaunti unapoamua mapato yanakwenda wapi, haulegei na mvua. Maeneo ya mpakani ya Kapedo, Lomelo na Kainuk, na bwawa la Turkwel lenyewe, yalianza kuzungumziwa kama mali. Mwishoni mwa 2014 karibu maafisa 20 wa polisi waliuawa katika shambulio la kuvizia karibu na Kapedo, na operesheni ya kijeshi iliyofuata iliwatesa raia wasiohusika. Sidai kwamba waliofyatua risasi walikuwa wakifikiria mafuta. Ninachosema ni kwamba tangu wakati huo, kila shambulio upande huo husomwa na wakazi kama jaribio la kuwahamisha wakae mbali na utajiri, na mwanasiasa anayetaka kura anajua jinsi ya kuipuliza hofu hiyo.

Maji ndiyo yanayoniumiza zaidi katika kisa hiki. Septemba 2013 serikali na UNESCO walitangaza kwamba chini ya ardhi ya Turkana, hasa Lotikipi, kuna hifadhi kubwa mno ya maji. Watu walishangilia kuliko walivyoshangilia mafuta. Vipimo vya baadaye vilionyesha kuwa maji ya Lotikipi yana chumvi nyingi. Mpango wa kuzalisha mafuta kwa wingi, kwa upande wake, unahitaji maji mengi ya kuingizwa chini ya ardhi ili yasukume mafuta yatoke juu, na chanzo kilichochaguliwa ni lile bwawa la Turkwel, kwa bomba hadi visimani. Mwanamke anayechimba mchanga wa mto mkavu kwa kikombe hadi apate maji ya kujaza mtungi mmoja atasikia kwamba bomba litapita karibu naye. Kampuni iliahidi vituo vya maji kwa vijiji vya njiani. Ahadi hiyo ni muhimu, na ifuatiliwe kwa macho makali kuliko asilimia zote za bungeni.

Kutoka kumi hadi tano

Mswada wa petroli uliopitishwa bungeni uliipa jamii ya wenyeji asilimia 10. Mwaka 2016 Rais Uhuru Kenyatta alikataa kuutia sahihi na kuurudisha, akitaka fungu hilo lipunguzwe hadi 5. Sababu iliyotolewa ilikuwa kwamba jamii haina uwezo wa kutumia fedha nyingi kiasi hicho, na kwamba rasilimali ni ya Wakenya wote. Machi 2017 mzozo huo ulifika jukwaani Lodwar, Rais na gavana wakirushiana maneno makali mbele ya umati. Mwaka mmoja baadaye, Mei 2018, viongozi wa Turkana walikubali 5 baada ya mazungumzo na Rais.

Kwa nini walikubali? Kwa sehemu, kwa sababu malori yalikuwa yakisubiri. Serikali ilitaka kuonyesha mafuta yakitoka kabla ya muhula wa Rais kuisha, na viongozi wa Turkana walitaka sheria badala ya ahadi. Tarehe 3 Juni 2018 Rais alizindua safari ya kwanza ya malori ya mafuta ghafi kutoka Lokichar hadi Mombasa. Mwezi huohuo haujaisha, wakazi walifunga barabara. Majambazi walikuwa wameshambulia vijiji tena, na hoja yao ilikuwa rahisi: kama serikali inaweza kusindikiza mafuta kwa askari hadi baharini, inaweza kuwalinda watu walioketi juu ya mafuta hayo. Usafirishaji ulisimama hadi Agosti.

Naihesabu siku ile ya kufunga barabara kuwa siku ambayo jamii ilijisemea yenyewe kwa uwazi kuliko siku nyingine yoyote. Viongozi walikuwa wametoka Ikulu wakiwa na makubaliano ya asilimia. Watu wa barabarani hawakuzungumzia asilimia hata kidogo. Walitaka kulala bila kuamshwa na risasi.

Kuna pia suala la ardhi, ambalo asilimia hazikuligusa. Mafuta yalipogunduliwa, ardhi ya Turkana ilikuwa ardhi ya amana chini ya baraza la kaunti la enzi hizo, na vitalu vya utafutaji vilichorwa Nairobi kabla mfugaji hajasikia. Sheria ya Ardhi ya Jamii ya 2016 ilitoa njia ya jamii kusajiliwa na kumiliki, lakini usajili unataka orodha ya wanachama na mipaka, jambo linalotupeleka tena kwa yule mfugaji wa mwanzo. Kando ya mito, familia za Waturkana hushika ekwar, kipande cha miti ya mgunga ambacho matunda yake huokoa mbuzi wakati wa kiangazi. Kila mtu anajua ekwar ya nani iko wapi. Hakuna hati, na mstari wa kupima mafuta ukipitishwa hapo hautaandikwa kama hasara.

Mafuta yaliyoganda

Mafuta ya Lokichar yana nta nyingi. Yakipoa yanaganda kama mafuta ya kondoo, hivyo yanahitaji kupashwa moto muda wote wa safari. Bomba la kilomita zaidi ya 800 hadi Lamu lingekuwa la kupashwa moto, na gharama yake ingepungua kama Uganda ingepitisha mafuta yake humohumo. Aprili 2016 Uganda ilichagua Tanga. Wakati huo bei ya dunia, iliyozidi dola 100 kwa pipa tangazo lilipotolewa, ilikuwa imeporomoka hadi chini ya dola 30 mwanzoni mwa mwaka huo.

Tarehe 26 Agosti 2019 shehena ya kwanza ya mapipa kama 200,000 iliondoka Mombasa kwa sherehe kubwa. Mwisho wa mwaka mvua ziliharibu barabara, malori yakasimama, na mwaka 2020 mradi wa majaribio ukafungwa. Lilipoulizwa fungu la kaunti na la jamii, jibu lilikuwa kwamba yale yalikuwa majaribio yasiyo na faida ya kugawana. Mwaka 2023 Africa Oil na TotalEnergies, mshirika wa tatu wa mradi, walijitoa, Tullow ikabaki peke yake. Mwaka 2025 ikakubali kuuza mali zake zote za Kenya kwa Gulf Energy kwa dola zisizopungua milioni 120.

Sensa ya 2019 ilihesabu watu 926,976 Turkana. Utafiti wa serikali wa 2015/16, miaka minne baada ya Ngamia-1, ulionyesha kuwa karibu wanane kati ya kila kumi waliishi chini ya mstari wa umaskini, kiwango cha juu kuliko kaunti nyingine yoyote.

Sasa kampuni mpya inahitaji kukaa na jamii upya. Itaitisha mkutano chini ya mti, italeta karatasi ya mahudhurio, na wale waliokuwa vijana wa bendera mwaka 2013 sasa ni watu wazima wanaojua kusoma kila mstari wa karatasi hiyo. Baadhi yao wamegombea udiwani. Mfugaji wetu, mkutano ukiitishwa wakati wa kiangazi, atakuwa ng'ambo ya mpaka wa kaunti ndogo na mbuzi wake, na mtu atalazimika kuamua kama jina lake liandikwe.